Nani Iko na Kalite ya Kushitaki Masomo?

Ilikuwa mwezi wa kumi na moja, mvua ilikuwa imeanza kunyesha kweli. Tulikuwa watu wane mbele ya meza ya avoka mumoja hapa Lubumbashi: mimi, wenzangu wawili wenye tulimaliza nao humanite ya kilimo, na mama mumoja mwenye alikuwa prezida wa komite ya wazazi. Tulileta karatasi tisa, picha za simu, na ramani yenye nilichora mimi mwenyewe kisha kuzunguka shamba ya masomo na kamba ya kupimia. Ile ramani, nilikuwa najivunia sana. Avoka hakuigusa hata. Aliuliza neno moja tu, na aliuliza kila mutu peke yake, kuanzia mimi:

"Wewe, kalite yako ni gani?"

Nikajibu kama niko na lisansi mu agronomia. Akacheka, lakini hakucheka vibaya. "Hapana, kijana. Siulize diplome. Ninauliza: wewe ni nani ku ile masomo, hata mwamuzi akusikilize?"

Ba ndugu na ba dada, ile ulizo ndiyo ninataka kukosoa leo. Si avoka, yeye alifanya kazi yake, na hata hakutuomba feza ile siku. Ninakosoa ulizo yenyewe, na namna tunaikubali tukiinamisha kichwa.

Watu wa sheria wako na neno yao ya zamani: pasipo faida, hakuna mashitaka. Ile faida inapaswa kuwa imekwisha kuzaliwa, iwe ya sasa, iwe yako wewe mwenyewe, na ikuguse moja kwa moja. Kalite nayo ni ile nafasi yenye inakupatia haki ya kusimama: muzazi, mwenye mali, murizi, mwenye alitia sahihi ku mukataba. Kama hauna hivyo viwili, mwamuzi haingie hata ndani ya dosie. Hasemi kama umedanganya. Hasemi kama shamba haikuuzwa. Anasema tu kama mashitaka yako haipokelewe. Na mwenye alifanya kosa anatoka mu tribinali akitembea sawa mutu mwenye ameshinda, na ku mutaa watu watasema: munaona, hata mwamuzi alimupatia haki.

Acha niseme kidogo juu ya shamba, juu watu wa sheria wanapenda kuiruka.

Ni hektari sita. Nilifika pale niko na miaka 15, sikujua hata azoti ni nini. Mwalimu wetu wa kilimo alitutia mu mistari na kamba yenye mafundo: sentimetre 75 kati ya mistari, 25 kati ya mimea. Mpaka leo nikipita mu shamba ya mutu, miguu yangu inahesabu yenyewe. Ile shamba ilikuwa labo yetu, masomo haikuwa na labo ingine. Mahindi yenye tulivuna iliuzwa, na feza yake ilinunua mbegu, mbolea, na mara moja moja bati za darasa. Udongo wa kwetu uko na asidi. Ukilima ovyo bila mbolea utapata tani moja hivi kwa hektari, labda hata tani haitimie. Ukitia chokaa na mbolea, ukapanda kwa wakati, unafika tani tatu bila kuwa fundi mukubwa. Fanya wewe mwenyewe hesabu kwa hektari sita, kisha ukumbuke kama ile ni masomo yenye wazazi wanachangia mpaka chaki.

Kwanza, usimamizi ulikodisha hektari mbili kwa mutu wa mahindi. Hatukusema kitu, masomo inahitaji feza. Mwaka wenye ulifuata, daftari ya ile feza haikuonyeshwa tena mu mukutano wa wazazi. Kisha tukaona mawe ya mipaka imesimikwa, mapya, na ku kona moja watu wameanza kufyatua matofali. Nilipima: hektari mbili na nusu ilikuwa imekwisha kukatwa viwanja. Sitaje jina ya masomo wala ya mutu, jambo iko hai bado. Na najua kuko wenye wanasoma hapa na wanajiuliza kama ninasema juu ya masomo yao.

Turudi sasa ku meza ya avoka. Mimi, mwanafunzi wa zamani: kalite hakuna. Nilikwisha kutoka, diplome yangu niko nayo, shamba ikiuzwa leo hainipunguzie kitu mbele ya sheria. Wenzangu wawili, vilevile. Komite ya wazazi: avoka akauliza kama iko na utu wa sheria. Tukaangaliana. Komite iko na muhuri, iko na daftari, iko na prezida, lakini hakuna karatasi yenye inasema kama ni shirika. Ni chombo cha ndani. Inaweza kushauri, inaweza kulia, lakini kushitaki ile masomo yenye iliizaa, hapana.

Akabaki mama, si sawa prezida, ila sawa muzazi. Mutoto wake alikuwa mu mwaka wa nne wa humanite. Avoka akafurahi: "Basi! Mama ndiye mwenye kalite. Mama atasainia, ninyi wengine mutakuwa nyuma yake."

Mama alinyamaza. Kisha akasema pole pole, akiniangalia mimi, si avoka: "Mwanangu, mutoto wangu anangojea exetat. Mimi niende ku tribinali na baba prefe, halafu ni yeye huyo huyo anatia muhuri ku karatasi za mutoto? Mungojee amalize."

Hatukumulaumu. Hata mama yangu mimi angesema vile.

Tulingojea. Mu mwezi wa nane, mutoto alikuwa amekwisha kupata diplome yake. Mama alinipigia simu asubuhi sana, sauti imebadilika kabisa: "Twende sasa. Sasa siogope mutu." Tukarudi kwa avoka. Avoka akauliza tarehe yenye mutoto alitoka mu masomo, akaiandika ku karatasi, akaipigia mustari chini, akatuonyesha. Mama hakuwa tena muzazi wa ile masomo. Komite nayo ilikuwa inatafuta prezida mupya. Wakati mama alikuwa na kalite, alikuwa na woga. Woga ilipokwisha, na kalite ilikuwa imekwisha.

Nimefikiri sana juu ya ile siku. Mwenzangu mumoja anasema ilikuwa bahati mbaya. Mimi ninasema haiko bahati, ni vile ile kanuni imejengwa. Ku mambo ya deni ao ya nyumba, mwenye kuumizwa anashitaki, kisha anarudia kulala kwake. Ku masomo, mwenye kalite anaacha mutoto wake mu mikono ya mwenye anashitakiwa, kila siku kuanzia asubuhi, mwaka muzima. Mwanafunzi mwenye ametimiza miaka 18 anaweza kusimama yeye mwenyewe mu tribinali, ni mutu mukubwa. Munajua wangapi? Mimi sijue hata mumoja. Na kila mwaka, wazazi wenye walikuwa wameanza kuelewa wanaenda na watoto wao, wanaingia wapya wenye hawajue hata shamba ilikuwa inafika wapi. Hasara ni ya miaka makumi, lakini wenye haki ya kuisema ni watu wa kupita. Musimamizi mwenye akili mbaya hahitaji kununua mwamuzi. Anahitaji tu kungoja mwezi wa saba.

Najua kuko mwenye ataniambia: wewe wa majani na mbolea, sheria inakuhusu nini? Sawa. Lakini nilisoma, na niliona vitu vyenye vilinishangaza.

Katiba yetu ya 2006, ku kifungu cha 162, inasema kama mutu yeyote anaweza kwenda mbele ya Tribinali ya Katiba kushitaki kitendo chochote cha sheria ao cha kanuni yenye inapinga Katiba. Mutu yeyote. Kifungu cha 27 kinapatia kila Mukongomani haki ya kuandikia wakubwa wa Serikali barua ya malalamiko, peke yake ao pamoja na wengine, na wale wakubwa wanapaswa kujibu mu miezi mitatu. Ku parke nako, kama umeona kosa ya jinai, unaweza kwenda kutoa habari, hakuna mwenye atakuomba kuonyesha mutoto mu darasa. Sasa tazama mwenyewe. Mimi, hapa nilipo, ninaweza kuomba sheria ya inchi nzima ivunjwe. Ninaweza kuenda kusema jambo lenye linaweza kutia mutu mu gereza. Lakini kuomba mwamuzi wa muji wangu afungue daftari ya hektari mbili na nusu, na shamba irudie ku masomo? Ile, siko na kalite. Kitu kikubwa kimeachwa wazi, kidogo kimefungwa na kufuli, na ni hicho kidogo chenye kingetusaidia.

Kuko tena ulizo ya nani ni mwenye masomo. Masomo yetu ni konvansione, sawa vile nyingi mu inchi. Serikali ya Zaïre ilichukua masomo za makanisa mu 1974, kisha ikazirudisha mu usimamizi wao kwa mukataba wa tarehe 26 Februari 1977. Tangu pale, Serikali ndiyo mwenye mamlaka, kanisa ndilo linasimamia, mwalimu analipwa na Serikali, na muzazi anaongeza penye haitoshe. Sheria ya elimu ya tarehe 11 Februari 2014 inamuita muzazi mwenzi mu kazi ya elimu, neno nzuri kabisa. Lakini siku shamba inakatwa, nani alikosewa? Ukimuuliza musimamizi, atakuambia udongo ni wa Serikali, na kweli sheria ya udongo ya 1973 inasema vile. Ukienda ku ofisi ya Serikali, watakuambia usimamizi ni wa kanisa, uone mukataba. Muzazi anatumwa huku na kule na bahasha yake mu mukono. Wote wawili wako na kalite, lakini hakuna mwenye iko na hamu. Sisi tuko na hamu, na kalite hatuna.

Hapo ndipo ninataka kuwaonyesha mashitaka moja ya Nigeria, juu wale walipitia ku mulango ule ule wenye sisi tuligonga.

Kuko shirika moja la pale, linaitwa SERAP, linafuata mambo ya feza ya watu na haki zao. Lilishitaki Serikali ya Nigeria pamoja na komisio yenye inasimamia elimu ya musingi kwa wote, mu tribinali ya muungano wa inchi za Afrika ya Mangaribi, mu Abuja. Maneno yao ilikuwa hii: feza ya masomo ya watoto iliibiwa, na kwa hiyo haki ya watoto ya kusoma ilivunjwa. Serikali haikuanza kwa kusema feza iko salama. Ilianza kwa kuuliza: ninyi SERAP, mumepoteza nini? Munasoma ku masomo gani? Ni avoka wangu kabisa, lakini na kanzu ya Serikali.

Tarehe 27 Oktoba 2009, wale wamuzi walikataa ile kizuizi. Walisema haki ya elimu iko mu Mukataba wa Afrika wa haki za binadamu, kifungu cha 17, ni ya kila mutu, na inaweza kupelekwa mbele yao. Na juu ya SERAP, walisema ku mambo ya haki zenye zinagusa watu wote, mwenye kushitaki halazimishwe kuonyesha kama yeye mwenyewe aliumizwa. Nilisoma ile hukumu usiku mbili ku simu, na megabaiti za mwisho wa mwezi. Kwa mutu mwenye alikuwa ametoka kufukuzwa ku mulango, ilikuwa sawa mvua ya kwanza.

Lakini sikuja hapa kusifu tu. Hukumu ya mwisho ilitoka tarehe 30 Novemba 2010, na mimi ile hainishibishe. Wamuzi waliambia Serikali itafute feza ya kujaza lile pengo, ili elimu iendelee, wakati inafuatilia yenye iliibiwa na wenye walihusika. Ni kitu, sikatae: mutoto hawezi kungoja mwizi akamatwe ndipo apate kitabu. Lakini fikiri sawa mulimaji. Mutu ameiba gunia mu gala, na mwenye nyumba anaambiwa ajaze gunia ingine. Atalijaza na nini? Na feza ya watu wale wale wenye watoto wao waliibiwa. Mulango ulifunguliwa wazi, ndani chakula kilikuwa kidogo.

Jambo ingine lilinisumbua zaidi. Mu mashitaka ile yote, mwenye kushitaki ni SERAP peke yake. Hakuna muzazi. Hakuna mwanafunzi mwenye anasema darasa yetu haina benchi. Niliposoma mara ya kwanza nilisema: oneni, watu wa muji mukubwa wanazungumuza juu ya watoto bila watoto. Niliandika hata vile mu daftari yangu, na alama ya mushangao.

Kisha nilikumbuka mama na simu yake ya asubuhi, na nikafuta ile alama. Juu nguvu ya SERAP ilikuwa ile ile yenye Serikali iliona sawa uzaifu: haikuwa na mutoto mu darasa. Hakuna prefe wa kuita mutu wake ku ofisi. Hakuna karatasi yenye inangojea muhuri. Haikuhitaji kungoja exetat ipite. Sheria yetu inafikiri mwenye kuumizwa karibu zaidi ndiye mwenye atasema kweli zaidi. Inawezekana ku mambo mengi. Ku masomo, mwenye iko karibu zaidi ndiye amefungwa kinywa zaidi, na mwenye anaweza kusema ni mwenye amesogea kidogo: mwanafunzi wa zamani, jirani, shirika, mwalimu mwenye amekwisha kuchukua pansio.

Jirani zetu wako wamechagua njia mbalimbali. Katiba ya Kenya ya 2010, ku kifungu cha 22, inaruhusu mutu kwenda mbele ya mwamuzi kwa ajili ya mwingine mwenye hawezi, kwa ajili ya kundi, ao kwa faida ya watu wote, na inaruhusu shirika kusimamia memba wake. Tanzania ilirudi nyuma: mu 2020 walibadilisha sheria, na ile mabadiliko ililazimisha mwenye kushitaki juu ya haki za musingi kuapa na kueleza namna yeye mwenyewe aliguswa. Sisi tuliingia mu Jumuiya ya Afrika Mashariki mu 2022, na mukataba wake, kifungu cha 30, unaruhusu mukaaji yeyote wa inchi memba kupeleka vitendo vya Serikali mbele ya tribinali ya Arusha. Kwa kalite, ni mulango mupana. Lakini muko na miezi miwili tu tangu kitendo kufanyika ao tangu mulikijua, na mutu wa kwetu ku miezi miwili bado anatafuta feza ya fotokopi.

Nilipeleka haya yote kwa avoka. Alinisikiliza vizuri, kisha akanipa jibu lenye siwezi kulificha hapa. "Kijana, leo ni shamba. Kesho ni mutu wa siasa mwenye alikosa kura ku ile kartie. Kesho kutwa ni mwalimu mwenye alifukuzwa juu ya pombe. Kisha ni mwenye masomo ya kibinafsi ku ngambo ya barabara, mwenye anataka kuharibu jina. Kila wiki prefe atakuwa ku tribinali. Na avoka wa masomo atalipwa na nani?"

Wazazi. Najua. Ile neno iko na uzito, na wenye wanaandika kama mulango ufunguliwe kwa wote bila kuijibu, wanatudanganya. Mimi ninasema tutenganishe mambo. Alama ya mutoto, azabu ya mutoto, mutoto kurudia darasa: ile ibaki kwa muzazi ao kwa mwanafunzi mwenyewe, sisi wengine tunyamaze. Lakini vitu vyenye vinabaki kisha watoto kuondoka, ndiyo udongo, nyumba, na daftari ya feza ya wote, haviwezi kuwa na mulinzi wa mwaka mumoja mumoja. Kwa hivyo, mwanafunzi wa zamani na jirani wapokelewe, na shirika lenye kusudi yake inahusu ile masomo. Na mwenye anakuja kwa fitina, wamuzi wetu wako na namna ya kumulipisha zarari kwa mashitaka ya ubishi, waitumie. Avoka alisema ile inahitaji sheria ibadilishwe. Mimi sina uhakika. Neno "faida" halikuandikwa ku mbao ya Musa. Wamuzi ndio wanasema ni nini inaingia ndani yake, na mwamuzi mwenye anajua maana ya shamba kwa masomo ya kilimo anaweza kusema mutu mwenye alijifunza mule iko na faida ile isibomolewe. Lakini kwanza mutu alete dosie, na alete vizuri.

Na hapo, sisi pia tukubali fimbo. Kundi yetu ya wanafunzi wa zamani iko na watu 214 mu WhatsApp. Tuko na tishati. Tuko na wimbo. Sheria ya mashirika yasiyo ya faida iko pale tangu tarehe 20 Julai 2001, kila mutu anaweza kuisoma, na hatukuwa tumetia hata karatasi moja ku wizara ya Haki. Kama tungeenda kwa avoka na utu wa sheria, na mu kanuni zetu imeandikwa wazi "kulinda mali ya masomo", hakuna mwenye angetuhakikishia kama tutapokelewa. Lakini mwamuzi angelazimishwa kuandika kwa nini anatukataa, na mu rufaa tungekuwa na kitu cha kushika. Vile tulivyoenda, tulikuwa watu wane na ramani nzuri.

Na wakati tulingojea, siku hazikungojea. Kushitaki kitendo cha mamlaka ya Serikali ili kivunjwe, sherti kwanza uandike malalamiko kwa mwenye alikifanya, mu miezi mitatu; ile ilipita tukiwa tunangojea exetat ya mutoto wa mama. Na avoka alituonya juu ya viwanja: mwenye kununua akipata sertifika ya kuandikishwa, na miaka miwili ikapita juu yake, kuitosha ni vita ya watu wenye feza. Kuko matofali pale inakauka. Nilienda kuona mwezi uliopita, jirani wa masomo amepanda mihogo kati ya mawe ya mipaka, anasema bora ile kuliko kuacha bure. Kama agronomo sikuweza kumukatalia.

Mu mwezi wa tisa tulipata muzazi mwingine. Ni baba mumoja, dereva, mutoto wake ameingia ya saba. Tulimueleza yote, hata ya mama, hatukuficha kitu. Akamuuliza avoka itachukua muda gani. Avoka akasema miaka miwili, tatu, na rufaa ikiongezeka, ine. Baba akahesabu na vidole: ya saba, ya nane, kisha mine ya humanite. "Inatosha," akasema, na akaomba biki.

Barua ya kwanza inaomba kitu kimoja tu: daftari ya shamba ionyeshwe. Ilipokelewa siku ya kazi ya pili, na muhuri. Siku ya tatu mutoto alienda ku masomo sawa kawaida, na begi yake. Tangu pale, kila siku ya tano jioni ninamupigia baba simu. Juu ya dosie hatuzungumuze sana, dosie iko kwa avoka. Ninamuuliza mutoto alirudi namna gani.